Safari ya Mtumbwi Chini ya Milima ya Livingstone

Katika vitabu vya jiografia limo neno moja ambalo watoto wa shule hulitamka kwa shida, nalo ni fyodi. Mwalimu huwaonyesha picha ya nchi ya Norwei: milima mirefu imesimama huku na huku kama kuta za nyumba, na katikati yake maji meusi yametulia. Ndipo watoto huuliza, "Mwalimu, maji hayo yaliingiaje pale?" Jibu lake ni hili. Zamani sana nchi zile zilifunikwa na barafu, na barafu ile nzito iliteremka polepole kutoka milimani, ikachimba mabonde kama jembe lichimbavyo mfereji. Ilipoyeyuka, bahari iliingia katika mabonde yale ikayajaza. Fyodi moja iitwayo Sognefjorden yaingia ndani ya nchi zaidi ya kilomita 200, na kina chake chapita mita 1,300.

Watu wa mbali hufunga safari kwenda kuutazama uzuri ule, wala hawaendi kwa meli kubwa tu. Wengi huingia katika vyombo vidogo viitwavyo kayaki, mtu mmoja au wawili katika chombo kimoja. Kayaki ni chombo cha Wainuit, watu wa Greenland na wa kaskazini ya Amerika, waliokifanyiza kwa miti au mifupa na kukivika ngozi za sili, wapate kuwinda baharini. Siku hizi nyingi ni za plastiki. Mgeni asiyejua lolote hupewa kiongozi, hufundishwa kwanza ufukoni, kisha huongozwa penye maji matulivu, karibu na nchi kavu.

Tulipozisoma habari hizo, sisi walimu watatu wa Singida tuliulizana: Je, katika nchi yetu hapana mahali ambapo milima husimama ndani ya maji, na mtu asiyejua kushika kafi aweza kuongozwa apite chini yake? Mahali hapo pako, napo ni Matema, kwenye ncha ya kaskazini ya Ziwa Nyasa. Basi tukaazimu kwenda wakati wa likizo ya mwezi wa Juni.

Yafaa msomaji ajue sisi ni watu wa namna gani. Karibu na mji wetu yako maziwa mawili, Singidani na Kindai, lakini maji yake ni ya chumvi. Huko Iramba liko Ziwa Kitangiri, na wavuvi wake wajua mitumbwi. Lakini wengi wetu twayajua maji yaliyo ndani ya ndoo, na yale ya lambo la kunyweshea ng'ombe. Mvua yetu ya mwaka mzima haifiki hata theluthi ya mvua inyeshayo Tukuyu. Mtoto wetu hujua kuchunga na kulima tangu utoto, lakini kuogelea hakujui hata azeekapo.

Tena mmoja wetu alikuwa na jambo moyoni. Mdogo wake alizama katika lambo wakati wa masika, alipokuwa na miaka kumi. Watoto wenzake walisimama ukingoni wakilia, wala hapakuwa na hata mmoja aliyejua la kufanya. Tangu siku ile mwenzetu hakuingia katika maji yanayopita magoti. Hatukumshurutisha kuja. Alikuja kwa hiari yake, akasema kwamba yeye atakaa ufukoni alinde mizigo.

Tulisafiri siku mbili kwa gari, kupita Dodoma, Iringa na Mbeya. Kutoka Tukuyu njia yashuka katika migomba na michai, hata mtu akafika Kyela penye mpunga na mikakao, kisha Ipinda, kisha Matema. Hapo tuliyaona yale tuliyoyafuata. Mbele yetu maji hayakuwa na mwisho, na upande wa mashariki Milima ya Livingstone imeshuka moja kwa moja mpaka ziwani, isiacha nafasi hata ya shamba dogo. Vilele vyake vingine vyapita mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, na ziwa lenyewe liko mita 475 hivi tu. Basi mtu aliye ufukoni huinua macho mpaka shingo ikamwuma.

Lakini bonde hili halikuchimbwa na barafu. Hapa ardhi yenyewe ilipasuka na kudidimia, ndilo Bonde la Ufa, ambalo sisi wa Singida twalijua kwa materemko yake. Maji yalikusanyika katika ufa ule kwa muda mrefu mno. Urefu wa ziwa wapita kilomita 550, na kina chake chafika mita 700 hivi, hata sakafu yake iko chini kuliko usawa wa bahari. Chini ya mita 250 hivi maji hayana hewa, wala samaki hawaishi humo. Lakini juu yake wamo samaki wa namna mamia, na wengi wao hawaonekani mahali pengine popote duniani.

Kiongozi wetu alikuwa Mkisi, mtu mzima aliyepita miaka hamsini, ambaye shule aliiacha darasa la nne. Alitutazama viatu vyetu, akacheka kidogo, akasema, "Karibuni, walimu. Leo ninyi ni wanafunzi wangu. Na mwanafunzi wangu hasimami mtumbwini." Tukajibu, "Naam, baba." Kisha akatuketisha mchangani, akatugawia makafi, akatufundisha kama watoto wa darasa la kwanza. Mtu aketi chini, uzito wake uwe katikati. Asishike ubavu wa mtumbwi aogopapo, maana hofu ya mmoja huwainamisha wote. Kafi lizame lote, livutwe kwa mgongo wala si kwa mikono peke yake, na wote wavute pamoja wakimfuata wa mbele. Tena asiogelee mtu penye kinywa cha mto, kwa sababu ya mamba.

Mwenzetu yule alikuwa amesimama mbali akisikiliza. Mzee akamwuliza, "Na wewe, mwalimu?" Akamweleza habari za mdogo wake. Mzee hakumcheka, wala hakumpa maneno mengi ya kumfariji. Aliusukuma mtumbwi penye maji ya magotini, akamwita aje. Kisha kwa mikono yake mwenyewe akaupindua, ukajaa maji, nao ukabaki ukielea. Akasema, "Tazama. Huu ni mti. Mti hauzami. Anayezama ni yule anayeuacha ili aogelee kwenda pwani. Ukipinduka, ushike mti, nasi tutakuja." Akamwambia aushike. Mwenzetu akaushika. Wakakaa hivyo kitambo, mmoja upande huu na mwingine upande huu, hata pumzi yake ikatulia. Kisha akauliza ataketi wapi.

Akawekwa katikati, akapewa kopo, kazi yake kuteka maji yanayoingia. Mwenzetu wa pili, aliye mwalimu wa Kiswahili, akapiga kelele kwa furaha. Sote twaijua methali isemayo kwamba mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Huko bara twawafundisha watoto, nao huiandika katika daftari, lakini hakuna aliyepata kuiona. Sasa tuliiona kwa macho. Omo ni mbele, alipoketi kijana wa mzee. Tezi ni nyuma, alipoketi mzee mwenyewe aelekeze chombo. Na ngama ni pale chini katikati ambapo maji hujikusanya, na lazima awepo mtu wa kuyateka. Mtu aweza kutembea chombo kizima, mwisho hurudi penye kazi hiyo.

Tulitoka saa kumi na mbili na nusu asubuhi, maana wakati huo ziwa limelala. Mzee hakutupeleka katikati. Alifuata ukingo wa milima, karibu hata tungeweza kuyagusa mawe. Maji ni maangavu, na samaki wa buluu na wa manjano walionekana wakizunguka miambani chini yetu. Juu yetu ulikuwa ukuta wa mlima wenye miti midogo na vijito vinavyoanguka. Sauti zetu ziligonga mwamba zikaturudia. Mikono iliuma upesi, na mara kwa mara makafi yetu yaligongana, lakini baada ya muda tulianza kuvuta pamoja, mtumbwi ukateleza bila kuyumba. Mwenzetu aliteka maji kwa bidii, hata mzee akamwambia, "Mwalimu, acha kidogo, utalimaliza ziwa."

Baada ya zaidi ya saa moja tukafika Ikombe, kijiji cha Wakisi, kilichojibana katika kipande cha nchi tambarare chini ya mlima. Hapo wanawake hufinyanga vyungu vinavyosifiwa mpaka Mbeya na mbele yake. Tuliona vyungu vimepangwa kwa majani, tayari kupelekwa kwa mitumbwi kwenye soko la Lyulilo, karibu na Matema. Tukafikiri: chungu kinachopikiwa ugali huko mbali kilianza safari yake katika mtumbwi kama wetu, na pigo moja baya la wimbi lingekivunja. Watu hawa hawaendi majini kwa kutazama uzuri. Mkate wao u majini.

Saa sita upepo wa kusini ukaanza. Katika miezi hii upepo ule huja kwa nguvu, na kwa kuwa hupita juu ya maji kilomita mamia bila kizuizi, mawimbi hukua njiani, na milima huyabana kama mfereji. Yale maji yaliyokuwa kama kioo yakawa meupe. Sisi tulikuwa na gari la kurudi kesho yake alfajiri, na nauli ilikuwa imelipwa. Tukamwomba mzee atuvushe polepole. Akatikisa kichwa. "Ziwa halijui kwamba kesho mna gari," akasema. "Watazameni wale." Tukawaona wenye vyungu. Walikuwa wamekwisha kuivuta mitumbwi yao juu ya mchanga, wakakaa wakila muhogo, na soko linawangoja. Tukanyamaza. Tulilala Ikombe, wenyeji wakatupa samaki na mkeka, na nauli ile ikapotea. Kesho yake kabla ya jua tulirudi Matema juu ya maji yaliyotulia. Tulipoagana tulimwambia, "Ndaga," kama watu wa huko wanavyoshukuru.

Wasomaji wapenzi, nauli ile haikutuuma kama tulivyodhani. Twakumbuka meli ya MV Bukoba iliyozama katika Ziwa Victoria tarehe 21 Mei 1996, ikaua mamia ya watu, na kivuko cha MV Nyerere kilichopinduka karibu na kisiwa cha Ukara tarehe 20 Septemba 2018, wakafa watu zaidi ya 200. Vyombo vile vilikuwa vya chuma na mashine, na vilibeba watu kupita kiasi. Mzee wa Ikombe hakuwa na mashine, lakini alikuwa na neno moja ambalo mashine haina, nalo ni "Hapana." Mwenye kujua kazi yake akisema hapana, yampasa mwenye shahada na mwenye haraka wamsikie wote wawili. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na majini huvunjika zaidi ya guu.

Jambo la pili lawahusu wazazi wa kwetu. Tumezoea kuwaambia watoto, "Msiende lamboni," tukadhani tumewalinda. Lakini ng'ombe lazima wanywe, na mwenye kuwapeleka ni mtoto yule yule. Makatazo peke yake hayamfundishi la kufanya mwenzake atelezapo. Tulirudi na mafundisho matatu yasiyo na gharama. Kwanza, mtoto asiruke majini kumfuata anayezama, maana hapo huzama wawili. Pili, amtupie kitu kinachoelea. Dumu tupu lililofungwa kifuniko humshika mtu juu kama mtumbwi ule. Tatu, anayezama aambiwe mapema, siku angali nchi kavu, kwamba akikipata kitu kile akishike asikiache, watu waje.

Sasa katika lambo moja karibu na shule yetu iko nguzo, na nguzoni imetundikwa kamba ndefu yenye dumu la manjano. Mwenzetu yule ndiye aliyeinunua kamba, naye kila mwanzo wa masika huwapeleka watoto ukingoni na kuwazoeza kuitupa, zamu kwa zamu, mpaka aliye mdogo kuliko wote aweze. Twawasihi ninyi mlio na lambo karibu, fanyeni vivyo hivyo kabla mvua haijanyesha. Kamba na dumu vyapatikana katika kila duka.