Vijimkia Viwili

Kabla ya kuitaja okidi ya kinamasi, geuza ua utazame nyuma. Ukiona vijimkia viwili vyembamba vinavyoning'inia sambamba, hiyo ni Satyrium. Kikiwa kimoja tu, endelea kutafuta, huenda ni Disa au Habenaria. Hivyo ndivyo ninavyozitambua bondeni hapa Mpuguso, mvua zikishakolea na matope kufika vifundoni.

Baba mdogo hana haja na ua. Yeye hufukua. "Mali iko chini, mwanangu," huniambia, akifuta udongo kwenye viazi viwili: kimoja kimesinyaa, ndicho kilicholisha ua la mwaka huu, kingine kigumu, cha mwakani. Mchuuzi anataka hicho kigumu. Kikikauka kinavuka Tunduma kwenda Zambia, kikatwangwe na kupikwa na karanga kuwa chikanda.

Yaani kinachouzwa ni mwaka ujao wenyewe. Kitulo ilifanywa hifadhi ya taifa mwaka 2005, kwa ajili ya maua hasa. Kibonde chetu hakina askari, na binamu zangu wanadaiwa ada. Nilimwomba aache yaliyochanua mpaka yapukutishe mbegu. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akauliza, "Ada utalipa wewe?"