Kisu cha Bei Nafuu katika Nchi ya Majani Chai

Wengi wetu wa Pwani tunaijua chai ya Kericho kabla ya kuijua Kericho yenyewe. Mnada wa chai wa Afrika Mashariki ulihamishiwa Mombasa mwaka 1969, na tangu hapo malori yaliyosheheni chai hushuka kutoka nyanda za juu hadi maghala ya mjini kwetu, yakipita mbele ya macho yetu kila juma. Kuielekea asili ya majani hayo ni mwendo wa takriban kilomita 480 hadi Nairobi, kisha nyingine 260 hivi hadi Kericho. Familia inayoifunga safari hiyo kwa nia ya kulala hemani hujikuta ikijadiliana kuhusu mablanketi, sufuria na taa. Lakini chombo kinacholeta mabishano zaidi ni kisu.

Kisu cha jikoni ni chembamba, hupinda kikikutana na kuni. Kisu cha kukunja kina hatari yake: bawaba ikilegea, ubapa humrudia mwenyewe vidoleni. Kinachofaa ni kisu kizima kisichokunjwa, chenye ala. Katika maduka ya vifaa vya watalii bei yake hufika maelfu ya shilingi, ilhali sokoni hupatikana kwa mia chache. Je, hicho cha mia chache kinatosha? Na je, ni salama mkononi mwa mama, watoto wakiwa wamemzunguka? Tulinunua kimoja kwa shilingi 450, chenye ubapa wa urefu wa kiganja, mpini wa plastiki na ala ya plastiki, tukakifanyisha kazi zote za kambi kwa siku nne, mbili karibu na mji wa Kericho na mbili katika shamba la wenyeji wetu huko Bomet.

Kwanza msomaji aifahamu nchi yenyewe, kwani ndiyo iliyotuwekea mtihani. Kericho imekaa kwenye mwinuko wa takriban mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, ubavuni mwa msitu wa Mau. Asubuhi anga huwa safi, na mashamba hutandaza kijani kibichi hadi upeo wa macho. Alasiri mawingu hujikusanya na mvua hunyesha, mara nyingine ikichanganyika na mawe. Chai huipenda hali hiyo, kuni haziipendi. Tena, kwa sababu ya mwinuko, maji huchemka yakiwa kwenye nyuzi 93 hivi, badala ya 100 kama kwetu. Maharagwe yanayoiva Mombasa kwa saa mbili huko huhitaji muda mrefu zaidi, na muda mrefu maana yake ni kuni nyingi zaidi. Basi kazi ya kwanza ya kisu haikuwa kukata nyama wala kamba. Ilikuwa kuutafutia moto chakula chake.

Kuni zilizoruhusiwa na wenyeji zilikuwa za mkaratusi na muwati, zilizoanguka na kulowa. Kuukata mti ulio hai hatukuhitaji, na katika msitu wa serikali ni kosa. Siri ya kuni mbichi kwa mvua ni kwamba unyevu huwa ganda la nje tu, na moyo wa ukuni hubaki mkavu. Ukuni hupasuliwa kwa kuuweka wima juu ya gogo, kuulaza ubapa juu yake, kisha kuugonga mgongo wa kisu kwa gongo. Kisu chetu kilizipasua bila taabu kuni za unene wa kifundo cha mkono. Kilipokutana na fundo la mti kilikwama, na hapo tuliacha. Kukilazimisha ndiko kunakovunja visu vya bei nafuu. Kutoka kwenye moyo mkavu tulichonga vijiti ambavyo nyuzi zake huachwa zikining'inia kama manyoya ya kuku. Vijiti vitano vya namna hiyo viliwasha moto kwa kiberiti kimoja, mvua ingali ikidondoka pembeni mwa turubali.

Hapa ndipo uimara wa kisu unapojulikana. Sehemu ya chuma inayoingia mpinini, yaani msuka, ndiyo roho ya kisu. Msuka mfupi huchomoka au kukatika kwa mapigo. Unaofika mwisho wa mpini huvumilia. Wa kwetu ulipita sehemu kubwa ya mpini, na baada ya siku nne haukutikisika. Bei nafuu si lazima iwe udhaifu. Huko Sweden, mji wa Mora umejulikana tangu karne ya 19 kwa visu vya namna hii, vya mpini wa kawaida na bei ya mtu wa kawaida, na mafundi seremala na wanajeshi wamevitegemea. Linalopunguza gharama ni kuondoa mapambo. Muuzaji anayepunguza gharama kwa kuufupisha msuka anamuuzia mtu ajali.

Jikoni mambo yalikuwa mchanganyiko. Vitunguu, kabichi na sukuma wiki vilikatika vizuri. Karoti na viazi vilipasuka kabla ya kukatwa, kwa kuwa ubapa mnene unaofaa kwa kuni husukuma kando badala ya kupenya. Anayekwenda na watu wengi achukue pia kisu chembamba cha jikoni, asikidai kimoja kifanye yote.

Siku ya tatu mwenyeji wetu wa Bomet alitukirimu jogoo, nasi tukaomba tuchinje wenyewe. Kisu kilichokuwa kimepasua kuni kilikuwa kimepoteza wembe wake, na kwa kazi hii hakuna nafasi ya ubutu: Mtume, rehema na amani zimshukie, ameagiza anayechinja anoe kisu chake na ampunguzie mnyama mateso. Kinoo hatukuwa nacho. Mama mwenyeji alikigeuza kikombe cha kaure kitako juu. Pete ya chini isiyopakwa rangi ya kung'aa ni kavu na ngumu kama kinoo kizuri. Tulikipitisha kisu juu yake kwa mwinamo mdogo, mara ishirini kila upande, tukakifuta na kukijaribu kwenye karatasi. Kilikata karatasi kwa uzito wake tu. Kazi ikafanyika kwa mpito mmoja.

Mama huyo ana shamba la chai lisilozidi ekari moja, na majani yake hupelekwa kiwandani Kapkoros. Alikitazama kisu chetu kwa jicho la mtu wa kazi. Chake cha kupogolea michai kilikuwa na ubapa mweusi tii, nasi tulidhani ni uchafu.

"Siyo uchafu," alisema. "Hiyo ni chai yenyewe. Kisu changu kimekunywa chai miaka kumi."

Maneno yake yana ukweli wa kikemia. Majani ya chai yana tanini, nayo ikikutana na chuma hufanya utando mweusi wenye kushikamana. Utando huo hupunguza kasi ya kutu, japo hauizuii kabisa. Usiku ule tulichemsha chai ya rangi iliyokolea mno, tukaiacha ipoe kidogo, tukatumbukiza nusu ya ubapa hadi alfajiri. Nusu ile ilitoka nyeusi ya kijivu, nusu nyingine ikabaki kung'aa. Kisha tuliulowesha ubapa wote kwa maji ya chumvi na kuuacha kutwa. Jioni, upande unaong'aa ulikuwa na madoadoa mekundu ya kutu. Upande mweusi ulikuwa na machache sana. Kwa sisi tunaoishi na upepo wa bahari, jaribio hilo pekee lililipia kisu. Lakini lifahamike kwamba linahusu chuma cha kawaida, kishikacho kutu. Kisu kisichoshika kutu hakiathiriki na chai, na kwa anayekaa ufukweni huenda kikawa na raha zaidi, ijapokuwa kukinoa mara nyingi huwa kazi ngumu kidogo.

Tulitaka pia kukipaka mafuta ya nazi, kama wafanyavyo wazee wetu. Chupa ilikuwa imeganda kama samli, kwani mafuta ya nazi huanza kuganda joto likishuka chini ya nyuzi 24 hivi, na baridi ya Bomet huwa chini ya hapo sehemu kubwa ya siku. Tuliiweka karibu na meko kwanza.

Kuhusu kupogoa, mama alitueleza kwamba michai hukatwa kila baada ya miaka michache ili isikue kuwa miti na ili ichipue upya. Mkato ukiwa safi, tawi hupona. Kisu butu hulichana tawi, na maradhi huingia kwenye jeraha. Kuchuma ni kwa mkono, majani mawili na kichipukizi, kwa kuwa ndiyo kiwanda kinayoyataka. Alipoulizwa kuhusu mashine alinyamaza kwanza. Mwezi wa Mei mwaka 2023 mashine za kuchumia chai zilichomwa moto huko Kericho, katika maandamano ya watu waliosema zinawanyang'anya riziki. Mashine moja hufanya kazi ya wachumaji wengi, na wengi wa wachumaji ni wanawake. "Mimi nina shamba langu dogo," alisema. "Dada yangu alichuma kwa kampuni. Mashine ilikuja, yeye akarudi nyumbani."

Si mara ya kwanza kwa watu wa milima hii kuondolewa. Makampuni makubwa ya Uingereza yalianza kupanda chai Kericho katika miaka ya 1920, juu ya ardhi ya Wakipsigis. Mwaka 1934 serikali ya kikoloni ilipitisha sheria ya kuwahamisha jamaa wa ukoo wa Talai, ikawapeleka Gwassi, karibu na ziwa, mahali pa joto na mbung'o. Vizazi vyao vingali vikidai haki. Mgeni anayepiga picha kwenye kijani kile kizuri ni vyema ayajue haya, na ni vyema kabla ya kusimika hema aombe ruhusa ya mwenye shamba, hata kama pahala panaonekana patupu. Salamu ya "Chamgei" ilitufungulia milango mingi.

Lililobaki ni watoto. Wahenga walisema mtoto akililia wembe apewe, wakimaanisha ajifunze kwa maumivu. Kwa kisu cha kupasulia kuni somo hilo ni ghali mno. Sisi tulifuata kanuni nne. Anayechonga huketi, hunyoosha mkono na kuzunguka. Akimgusa mtu, mtu huyo husogea. Ubapa huelekezwa mbali na mwili, kamwe si juu ya paja. Kisu kisichotumika hurudi alani, hakilazwi chini. Na kinapopokezanwa, hutolewa kikiwa alani au mpini ukitangulia. Katika mafundisho ya Mtume imekatazwa kupokezana upanga uliochomolewa. Binti wa miaka kumi na miwili alichonga vigingi sita vya hema chini ya kanuni hizo, na mvua ya mawe ya usiku wa mwisho haikuving'oa.

Jibu letu, basi, ni kwamba kisu cha bei nafuu kinatosha kwa kazi za kambi ya familia, ikiwa kitachaguliwa kwa makini. Kabla ya kulipa, kishike mpini na ubapa uone kama kuna kitu kinachocheza. Muulize muuzaji msuka umefika wapi; asipojua, chukua ambacho mwisho wa chuma chake unaonekana. Hakikisha mpini una kizuizi kidogo kati ya kidole na makali, kwani mkono uliolowa na kufa ganzi huteleza. Kigeuze alani kichwa chini na ukitikise, kikianguka, kirudishe. Safarini kifunge ndani ya mzigo mkubwa, si mkobani. Ukirudi nyumbani kioshe, kikaushe, kipake mafuta, na ukihifadhi nje ya ala, kwa sababu ala hufuga unyevu.

Na ukipata kikombe cha chai ya Kericho iliyobaki na kupoa, usiimwage. Kisu chako kina haja nayo.