Mnada Usio na Kelele

Mimi si mwoga wa filamu za kutisha. Kila likizo, mimi na binamu yangu huzitazama hadi usiku wa manane, na jamani, nakiri kwamba huwa tunawahesabu wanaochinjwa kama mtu anayehesabu mabao. Wa tatu huyo! Wa nne! Majina yao hatuyashiki.

Likizo ya Agosti tulitazama Get Out, filamu ya Jordan Peele ya mwaka wa 2017. Chris, kijana mweusi wa Marekani, anapelekwa na mpenzi wake Mzungu akawaone wazazi wake. Mapema tu unasikika wimbo wa Kiswahili, sauti za wahenga zikimwonya kijana akimbie. Binamu yangu aliangua kicheko kuisikia lugha yetu huko. Mimi sikucheka.

Kwa muda mrefu hakuna damu. Kuna karamu. Mama mmoja anamminya Chris misuli ya mkono, mzee mwingine anataka kuona anavyopiga gofu. Halafu mwenye nyumba anasimama kando ya picha kubwa ya Chris, na wageni wanainua kadi za bingo, kimya kabisa. Kumbe ni mnada! Mshindi ni kipofu mwenye biashara ya picha. Anayataka macho ya Chris, hivyo ubongo wake utapandikizwa katika kichwa cha kijana huyo.

Soko la watumwa la Unguja, lililofungwa mwaka wa 1873, nilikuwa nimelisoma katika Historia, nikajibu mtihani, nikapata alama zangu, basi. Usiku huo ndipo nililiona.

Tena nilikumbuka jambo la Kidato cha Kwanza. Mgeni fulani alikuja uwanjani kutafutia shule nyingine wachezaji wa raga. Alinishika mabega, akanipiga paja kama mnunuzi wa fahali, akaniambia nigeuke. "Huyu ana kilo ngapi?" akamwuliza mwalimu. Jina langu hakuuliza. Nami, maskini, nilitembea kifua mbele wiki nzima!

Juzi binamu yangu alileta filamu nyingine. Msichana alipokamatwa, akaanza, "Wa kwanza huyo!"

"Anaitwa nani?" nikamwuliza.

Alinikodolea macho. Kisha tukairudisha nyuma, tukasikiliza upya wanavyomwita.