Askari na Sanduku la Kura

Mjane mmoja, mkulima wa kahawa katika miteremko ya Nyeri, aliamka gizani siku ya uchaguzi wa kamati ya chama chake cha ushirika. Alivaa koti la marehemu mumewe, akaificha kadi ya uanachama ndani ya soksi. Namba ya kadi hiyo ilikuwa ya mume. Kwa miaka mingi mke ndiye aliyechuma kahawa na kuibeba hadi kiwandani, ilhali kura ilikuwa ya mume. Haki hiyo aliirithi pamoja na mibuni na deni la mbolea.

Juma lililotangulia, vijana wa kukodiwa walipita nyumba kwa nyumba wakiuliza nani angempigia nani. Wanachama wakaenda kituo cha polisi kuomba ulinzi, wakapewa. Siku ile askari walisimama langoni mwa kiwanda, wakakagua kadi, na wasio wanachama wakazuiwa ng'ambo ya barabara. Hakuna aliyeguswa. Kisha msimamizi akatangaza kwamba kura ingepigwa kwa mlolongo: kila mtu asimame nyuma ya mgombea amtakaye.

Jioni binti yake alipiga simu kutoka Manchester kuuliza hali.

"Askari walitulinda vizuri, mwanangu," mama alijibu. "Lakini wao wameshapanda gari lao wakaenda. Jirani aliniona niliposimama."

Maneno hayo yalimkaa binti rohoni. Baadaye alikwenda Rochdale, mji ulio karibu naye, ambako wafumaji na mafundi wenzao walifungua duka la ushirika katika mtaa wa Toad Lane mnamo Desemba 1844. Duka lile sasa ni makumbusho. Kanuni yao mojawapo ndiyo iliyofika hata Nyeri: mwanachama mmoja, kura moja. Kwenye mizani ya kiwanda, mwenye debe moja hawezi kulingana na mwenye magunia. Kwenye kura wanalingana. Ndiyo maana kura ya mjane inastahili kutishwa. Kamati ndiyo inayoshika hesabu, makato na mikopo, na ndiyo inayosema kahawa ikobolewe na kuuzwa na nani. Sheria ya 1997 ilipopunguza mkono wa serikali ya Kenya katika vyama hivi, vita vya uongozi vilizuka katika maeneo ya kahawa na vyama vingi vikagawanyika; marekebisho ya 2004 yakaurudisha usimamizi.

Binti alitambua jambo jingine. Mwaka ule wa 1844, mpiga kura wa bunge la Uingereza alimtaja mgombea wake hadharani, na mwenye ardhi aliyompangisha akajua. Kura ya siri ilikuja mwaka 1872. Hapo kabla, polisi hawakukosekana mitaani. Kilichokosekana ni pazia. Wakenya nao walilijua hilo mwaka 1988, walipopanga mistari nyuma ya wagombea, na mahali pengine mstari mfupi ukatangazwa mshindi.

Askari humlinda mpiga kura njiani. Siri humlinda nyumbani, miezi yote baada ya kura.

Msimu wa mavuno ulipofika, karani wa mizani alimwambia mjane kwamba kahawa yake ina mbichi nyingi, aichambue upya. Aliimwaga juu ya gunia, akaichambua hadi jua likazama, huku majirani wakipima na kuondoka. Labda zilikuwamo mbichi. Labda ulikuwa ule mstari. Hakuna askari awezaye kuitwa kwa jambo kama hilo.

Kabla ya mkutano mkuu, wanachama wachache walizungusha karatasi ya kudai kura ya siri. Mjane aliisoma mara mbili, akaandika namba ya mumewe, kisha jina lake mwenyewe. Karatasi hiyo haikuwa ya siri, naye alilijua hilo alipoishika kalamu.