Kamera ya Mjomba na Bomba Lililoziba

Hasira hasara, walinena wahenga wetu, na sidhani msemo huu hutimia upesi mahali popote kama mbele ya simu iliyokataa kufanya kazi. Mtu mzima mwenye akili zake timamu utamwona akiigonga simu kiganjani, akiizima na kuiwasha, akiisema kana kwamba ina masikio. Ndugu msomaji, katika kurasa hizi umezoea kusoma ngano, mashairi na habari za ziara zetu. Mimi leo nitakusimulia habari ya kamera ndogo, bomba lililoziba, na siku ambayo Kiswahili kilifanya kazi ya spana.

Mjomba wangu ni fundi wa mabomba mjini Nakuru. Wakati wa likizo ya Agosti mimi huenda kwake kumsaidia kubeba vyombo vyake vya kazi na kujipatia nauli. Mwaka huo nilimkuta na chombo kipya alichokinunua kwa akiba ya miezi kadhaa. Kilikuwa ni waya mgumu wa mita 5, na kwenye ncha yake kulikuwa na kamera nyembamba kuliko kidole changu cha mwisho, imezungukwa na vitaa vidogo. Mwisho wa pili wa waya ulichomekwa katika kijisanduku chenye betri. Kioo cha kutazamia hakikuwapo. Kioo ni simu yako mwenyewe: kijisanduku hurusha picha kwa waifai, nayo programu iliyomo kwenye simu huipokea.

Usidhani wazo la kuchungulia mahali pasipofikiwa na jicho ni la juzi. Mwaka wa 1806 daktari Mjerumani, Philipp Bozzini, alitengeneza chombo cha kutazama ndani ya mwili wa binadamu kwa kutumia mwanga wa mshumaa na vioo. Madaktari wa leo wana vifaa bora mno, lakini nia ni ile ile: chungulia kwanza, pasua baadaye. Mjomba naye alitaka nyumba zichunguliwe kabla ya kupasuliwa.

Siku yenyewe ikafika. Tuliitwa kwa mwalimu mmoja mstaafu ambaye sinki ya jikoni mwake ilikuwa ikirudisha maji machafu. Fundi aliyetutangulia alikuwa amesukuma waya kutoka kwenye sinki, ukakwama, akasema bomba limevunjika chini ya sakafu na kwamba lazima vigae vyote vya jikoni ving’olewe. Angerudi jioni na nyundo yake. Vigae vile mwalimu alikuwa ameviweka kwa pesa zake za kustaafu.

“Shikamoo, Mwalimu,” nilimwamkia.

“Marahaba, mwanangu. Fundi, mimi sina neno. Nionyeshe tu palipoharibika kabla ya saa kumi. Ukishindwa, yule mwenzako avunje.”

Mjomba akawasha kamera. Vitaa vikawaka vizuri. Akafungua programu. Giza tupu! Akaifunga, akaifungua, giza. Kijasho chembamba kikaanza kumtoka. Msaidizi wake, kijana mmoja mcheshi, kwa mara ya kwanza alikosa la kusema.

“Mpwa wangu, wewe ni mtu wa shule,” Mjomba akaniambia kwa sauti ya chini. “Hebu niangalizie hii kitu. Nikiaibika hapa, jina limeenda.”

Nilipiga moyo konde. Jambo la kwanza nililofanya ni kubadilisha lugha ya simu yake kutoka Kiingereza hadi Kiswahili. Mjomba si mjinga. Ila aliacha shule mapema, na maneno ya simu ile alikuwa akiyabofya kwa kukisia. Mara tu “Mipangilio”, “Ruhusa” na “Sahau” zilipotokea, tukawa wawili wa kufikiri badala ya mmoja.

Tukaanza kutafuta chanzo hatua kwa hatua, kama tufanyavyo katika maabara. Je, umeme upo? Upo, maana vitaa vinawaka na kijisanduku kimejaa chaji. Je, simu imeshika waifai ya kamera? Tukatazama. Jina la kamera lilionekana kwenye orodha, na nywila ilikuwa katika karatasi iliyokuja na kifaa. Simu ikaunganika, kisha ikatoa onyo kwamba mtandao huo hauna intaneti. Kufumba na kufumbua ikauacha na kurudi kwenye data.

Hapa ndipo watu wengi hukwama, kwa hivyo nisikilize vizuri. Waifai ya kamera si mlango wa kwenda intaneti. Ni kama kamba iliyofungwa kati ya watu wawili, kamera na simu, na haiendi pengine. Simu haijui hivyo. Ikiona hakuna intaneti, hudhani mtandao ni mbovu na kuutoroka. Dawa yake ni kuzima data, au kuweka simu katika hali ya ndegeni kisha kuwasha waifai peke yake, na onyo likija ukubali kubaki hapo hapo. Tulifanya hivyo, na safari hii simu ikatulia.

Lakini picha? Wapi! Tukaingia katika ruhusa za programu. Mjomba alikuwa ameikatalia kujua mahali alipo. “Nimpe mtu nisiyemjua habari za ninakotembea, kwa nini?” akauliza, na swali lake lilikuwa na haki. Nikamweleza kwamba majina ya waifai zilizo karibu nawe yanaweza kumfunulia mtu ulipo, ndiyo maana simu nyingi za Android huyaweka chini ya ruhusa ya mahali. Programu ikinyimwa ruhusa hiyo huenda isiitambue hata kamera iliyo mkononi. Tukairuhusu iwe inatumia ruhusa wakati imefunguliwa tu, basi. Wenye iPhone nao huulizwa, tangu toleo la iOS 14 la mwaka wa 2020, kama programu iruhusiwe kuvifikia vifaa vilivyo kwenye mtandao wa karibu. Ukikataa hapo, ujue utaangalia giza.

Na sisi bado tulikuwa tunaangalia giza. Saa ilikuwa nane na nusu. Mwalimu alipita mlangoni mara mbili bila kusema kitu.

Nikamuuliza Mjomba, “Kamera hii ilifanya kazi lini mara ya mwisho?”

“Jana usiku, vizuri kabisa. Tuliijaribu na huyu.”

“Kwa simu ya nani?”

Tukageuka wote wawili kumtazama msaidizi. Alitia mkono mfukoni, akatoa simu yake, macho yakamtoka. Simu yake ilikuwa inaikumbuka waifai ya kamera tangu jana, na kila kamera ilipowashwa, yenyewe ilijiunga kimya kimya humo mfukoni. Vijisanduku vingi vya aina hii huhudumia simu moja tu kwa wakati mmoja. Aliyetangulia ameketi, wa pili atasimama nje. Kijana akabofya “Sahau”. Tukazima kijisanduku, tukafunga programu kabisa, tukawasha upya. Mara uso wa Mjomba ukatokea kwenye simu, pua mbele! Tulicheka hadi Mwalimu akaja kuona kulikoni.

Kazi yenyewe ikaanza. Mjomba hakuiingiza kamera kutoka kwenye sinki, kwa maana huko bomba lilijaa maji machafu, na kamera ndani ya tope haioni zaidi yetu. Aliingilia shimo la maji taka uani, upande uliokuwa mkavu. Ncha ya kamera haidhuriwi na maji, lakini kijisanduku hakitaki hata tone, basi nikakishika mimi juu, karibu na simu ili picha isikatike. Mwanzoni tuliona weupe mtupu. Vitaa vilikuwa vikali mno na bomba lililolowa likawa linarudisha mwanga. Tukavipunguza. Kisha ukungu: kioo kilishika mafuta. Tukakipangusa kwa kitambaa laini. Picha ikakaa.

Tuliona mizizi. Mizizi myembamba kama nywele ilikuwa imepenya kwenye kiungo cha bomba ambacho hakikushikana sawasawa, ikanenepa kwa kunywa maji, na mafuta ya jikoni yakaganda juu yake kama nta. Mjomba akaushika waya pale ulipoishia, akauvuta nje, akaupima kwa futi: mita 1.8. Kutoka shimoni hadi ukuta wa jikoni ilikuwa zaidi ya mita 3. Kumbe ubovu ulikuwa uani, chini ya mti, na sakafu ya jikoni haikuwa na kosa lolote!

Tulichimba, tukakata kipande kile, tukaweka kipya. Saa kumi na mbili maji yalikuwa yanashuka bila kelele. Yule fundi mwingine alifika na nyundo yake, akaonyeshwa picha, akaaga. Hakikung’oka kigae hata kimoja.

Usiku huo nilimwandikia Mjomba hatua zile katika karatasi moja, kwa Kiswahili chepesi: chaji, waifai ya kamera, zima data, ruhusa, simu nyingine zisahau, kisha washa upya. Ameipaka gundi ndani ya kifuniko cha sanduku lake la vyombo. Ninasikia mafundi wenzake wameinakili.

Wenzangu, sisi tulio bwenini hatubebi simu shuleni, na hilo halina ubishi. Lakini likizo ikifika, nyumbani kuna wazazi, wajomba na mashangazi walionunua vifaa kwa jasho lao na kufungiwa nje na maneno wasiyoyaelewa. Tusiwacheke. Tuwaeleze, tena kwa lugha waijuayo, kwa sababu aliye na jina la kitu anaweza kukitengeneza. Usipoziba ufa utajenga ukuta, ni kweli, lakini huwezi kuuziba ufa usiouona. Kwanza tuwashe taa.