Binti Akitaka Kutengeneza Filamu

Sisi akina mama wa kikundi chetu, wengine wa Korogwe na wengine wa Handeni, tumekuwa na mazungumzo marefu juu ya binti wa mwenzetu. Amemaliza kidato cha nne, naye hataki ualimu wala uuguzi. Anataka kuwa mtayarishaji wa filamu za televisheni zinazoonyesha mambo ya kweli: wanyama, nchi na maisha ya watu. Baba yake alisema hiyo ni kazi ya wahuni. Mama yake akatuletea shauri.

Hatukutaka kujibu kwa kubahatisha. Tuliulizana kwanza, mtayarishaji hufanya nini kutwa nzima? Mwenzetu mmoja, mwalimu mstaafu, akatueleza habari za Joan Root, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1936. Yeye na mumewe, Alan, walitengeneza filamu za wanyama wa Afrika Mashariki kwa ajili ya televisheni ya Anglia ya Uingereza, zikatazamwa katika nchi nyingi.

Filamu yao moja ya mwaka 1978 ilihusu mchwa. Tulicheka sana! Huku Handeni vichuguu tunavipita kila siku tukienda shamba, na mvua za kwanza zikinyesha watoto hukimbilia kumbikumbi. Kumbe wenzetu walionyesha maisha yaliyomo ndani ya kichuguu, na filamu hiyo ikateuliwa kuwania tuzo ya Oscar kule Marekani.

Mara nyingi Alan ndiye aliyeshika kamera, na jina lake ndilo lililovuma. Joan alipanga safari, akatayarisha magari, mahema, vyombo na chakula, akalea wanyama yatima. Pasipo hayo, kamera isingefika porini. Sisi tuliowahi kusimamia jiko la harusi tunaijua kazi hiyo: wageni humsifu bwana na bibi harusi, lakini maji yakikosekana ndipo huulizwa msimamizi ni nani.

Hatukumficha binti hatari zake. Walipokuwa wakipiga picha chini ya maji katika chemchemi za Mzima, Kenya, kiboko aliwavamia. Jino lake lilipasua kioo alichovaa Joan usoni, na Alan aliumwa mguu.

"Na ndoa yake je?" akauliza mama mmoja. Tulisema ukweli: ilivunjika. Baadhi yetu waliona hilo linatosha kumkataza binti. Wengine wakajibu kwamba ndoa huvunjika hata kwa wauza nyanya wa sokoni. Hatukukubaliana, na mpaka leo bado tunabishana. Baada ya kuachana, Joan alibaki kando ya Ziwa Naivasha akipigana na uvuvi haramu. Tarehe 13 Januari 2006 aliuawa kwa risasi nyumbani kwake, siku chache kabla ya kutimiza miaka 70.

Baada ya kuyapima yote, watatu kati yetu tulikwenda kuzungumza na baba. Tulimwambia, "Shemeji, hii si kazi ya wahuni. Ni kazi ya mtu mvumilivu, mwenye mpango na mwaminifu wa fedha za watu." Tulimtajia Taasisi ya Sanaa na Utamaduni ya Bagamoyo kuwa mahali pa kuanzia kuulizia. Hakukubali. Alisema binti amletee kwanza maelezo ya ada, mahali pa kulala na mtu atakayemwangalia.

Kwa siku mbili binti aliuliza huku na huko, akayaandika yote kwenye daftari, mpaka nauli ya basi kutoka Korogwe. Baba bado analisoma.

Akina mama wenzetu, mwanao akikutajia kazi usiyoijua, usiseme "hapana" upesi. Mwambie akueleze kazi yenyewe, gharama zake na hatari zake. Majibu yake yatakuonyesha kama ana nia ya kweli.