Betri Katika Gitaa la Besi

Katika bendi ya muziki wa dansi sauti ya besi husikiwa na miguu kabla ya kusikiwa na masikio. Mwimbaji hutazamwa, mpiga solo hushangiliwa, na mpiga tarumbeta hutuzwa noti. Bali mpiga besi husimama kando ya ngoma kama mtu aliyekuja kumngoja mwenziwe, na watu hawamkumbuki ila siku sauti yake ilipotoweka. Siku hiyo wachezaji huona kama kwamba sakafu imeondolewa chini ya nyayo zao, wala hawajui imeondolewa na nani. Mzee mmoja mpiga besi wa Dar es Salaam alidhani kuwa anamjua aliyeiondoa. Alimtaja mbele ya watu, na akamwadhibu. Walakini aliyeiondoa alikuwa mwingine, tena alikuwa karibu naye kuliko alivyofikiri.

Yafaa kwanza ijulikane gitaa la besi hupataje sauti. Zamani besi ilikuwa chombo kikubwa cha mbao, kirefu kuliko mpigaji wake, ambacho kulisafirisha umbo lake kwa gari ilikuwa adha tupu. Mwaka 1951 Leo Fender wa Fullerton, California, alianza kuuza gitaa la besi la umeme lililoitwa Precision Bass, lenye nyuzi nne, ambalo mtu aliweza kulivaa begani na kwenda zake. Chini ya nyuzi zake za chuma mna sumaku, na sumaku hizo zimezungushiwa maelfu ya mizunguko ya waya wa shaba mwembamba kama unywele. Uzi ukitikisika juu ya sumaku, mkondo mdogo wa umeme huamka katika waya ule. Mkondo huo hupita katika kebo hata ukafika kwenye amplifaya, nayo huukuza kwa nguvu ya umeme wa ukutani. Gitaa lenyewe halili kitu. Likilazwa mwaka mzima juu ya kabati, kisha likachukuliwa na kufutwa vumbi, huimba vile vile lilivyoimba mwaka jana.

Mzee huyu alilipiga gitaa la namna hiyo kwa zaidi ya miaka 30. Katika muda huo alijifunza nyimbo nyingi, na mikono yake ilijifunza desturi nyingi ambazo yeye mwenyewe hakujua kuwa anazo. Moja katika desturi hizo ilikuwa hii: onyesho likiisha, huchomoa kebo upande wa amplifaya tu. Upande wa gitaa huiacha mahali pake, akaizungusha kebo polepole, akaiweka juu ya gitaa katika sanduku lake, ili kesho asianze kutafuta tundu gizani. Desturi hiyo haikumdhuru mtu hata siku moja. Kwa gitaa lile ilikuwa sawasawa na mtu aachaye ufunguo katika mlango wa chumba kitupu.

Kisha akapata gitaa jipya. Halikuwa jipya dukani, kwa kuwa lilikuwa limekwisha kupigwa na mwingine huko Ulaya, lakini lilikuwa jipya kwake, na lilikuwa na kifuniko kidogo mgongoni. Ndani ya kifuniko mlikuwa na betri. Magitaa ya aina hii si ya juzi. Kampuni ya Alembic, iliyoanzishwa California mwaka 1969, ilikuwa miongoni mwa waliotangulia kutia kikuza sauti ndani ya gitaa; na mwaka 1976 kampuni ya Music Man, ambayo Leo Fender yule yule alikuwa na mkono katika kazi yake, ilitoa besi ya StingRay yenye kikuza sauti cha namna hiyo, ikaenea duniani. Sababu ya kufanya hivyo ni kwamba mkondo utokao katika sumaku ni dhaifu, na kebo ndefu huumeza ung'avu wake njiani. Kikuza sauti kidogo kilichomo ndani ya gitaa huupa nguvu kabla haujaanza safari, na kadhalika humwezesha mpigaji kuongeza uzito wa sauti za chini na ukali wa sauti za juu kwa vidole vyake, pale pale aliposimama. Betri yake si ngeni katika nchi hizi. Ni ile ya volti 9, yenye umbo la kibweta na vifungo viwili utosini, iliyotoka katika miaka ya 1950 kwa ajili ya redio ndogo za transista. Mkiwa na watoto nyumbani, ganda lake la bati hupasuliwa mara moja kutazamwa kilichomo, na aghalabu huonekana betri sita ndogo za volti moja na nusu, zimefungamana kama ndugu.

Mzee alilipenda gitaa lile. Sauti yake ilijaa ukumbi bila ya kupiga kelele. Majuma mawili baadaye, katika harusi moja huko Temeke, wimbo wa tatu ulipofika katikati, sauti za chini zilianza kukwaruza. Noti zilizopigwa kwa upole zilitoka salama. Zilizopigwa kwa nguvu zilitoka zimechanika kama kitambaa. Kila wimbo ulivyoendelea ndivyo mchaniko ulivyopanda, hata bibi harusi alipoingia ukumbini, besi ilikuwa mnong'ono, kisha haikuwa kitu. Mwenye kusimamia shughuli alikuja mbio jukwaani akauliza kwa nini ngoma inalia peke yake.

Kuchanika kule kuna sababu yake. Kikuza sauti hakiwezi kuinua wimbi la sauti kupita dari ya betri inayokilisha. Betri ikiwa nzima dari iko juu, na wimbi hupanda na kushuka bila ya kizuizi. Betri ikichoka dari hushuka, na vilele vya mawimbi makubwa hukatwa, nayo masikio huyasikia makato hayo kama mkwaruzo. Ndiyo maana sauti nzito za nguvu hufa kwanza, na za upole hufuata nyuma. Kwa sababu hiyo hiyo wako watengenezaji watiao betri mbili na kuziunga zifanye volti 18: dari huwa juu zaidi.

Bendi ile ilikuwa na kijana mtunza vyombo. Kazi yake ilikuwa kupakia na kupakua, kutandaza kebo, na kununua vitu vidogo. Betri ya gitaa alikuwa ameinunua yeye kwa fedha ya mzee. Mzee alikuwa amekwisha kuambiwa na aliyemwuzia gitaa kwamba betri nzuri hudumu miezi, na hii ilikuwa imedumu siku 10. Akatoa fedha tena, akataja aina ya betri anayoitaka, na kijana akaenda akarudi. Siku 10 nyingine zikapita, na besi ikafa mara ya pili.

"Mwanangu," mzee alimwambia mbele ya bendi nzima, "fedha yangu ilinunua betri au ilinunua soda?"

"Mzee, betri ni ile ile uliyoniagiza."

"Basi yangu hufa mapema kuliko za watu wengine?"

Wenzake walicheka. Kijana hakucheka. Mara ya tatu posho yake ilikatwa, na juma lililofuata hakuonekana tena.

Hapa pana jambo la kutazamwa kwa makini. Mzee hakuwa mtu mwovu, wala hakusema bila ya hoja. Alikuwa na ushahidi: hesabu ya siku, kauli ya muuzaji, na betri tatu zilizokufa. Kila kipande cha ushahidi huo kilikuwa kweli. Kilichokosekana ni kwamba hakuwahi kujiweka mwenyewe katika orodha ya washukiwa, na mtu asiyejiweka katika orodha hiyo huweza kuwa na hoja safi na hukumu chafu kwa wakati mmoja.

Betri ya nne aliinunua mwenyewe, akaitia kwa mkono wake mwenyewe. Ilikufa kama tatu zilizotangulia.

Ndipo alipolipeleka gitaa kwa fundi wa redio, Kariakoo. Fundi hakuwa mpiga muziki. Alifungua kifuniko, akabandua kifungo kimoja cha betri, akaipitisha njia ya umeme katika mita yake ya mshale. Kebo ilikuwa imo katika tundu la gitaa, kama ilivyokuwa sikuzote, na ncha yake ya pili ilikuwa imelala sakafuni bila ya kuunganishwa na chochote. Mshale ulisimama kwenye miliampea 2. Fundi akachomoa kebo. Mshale ukarudi sifuri. Akachomeka, ukapanda, akachomoa, ukashuka. Mzee akamwomba arudie, naye akarudia.

Tundu lile ndilo lililokuwa swichi. Tundu la gitaa la kawaida lina ncha mbili za chuma, moja ya kupitisha sauti na moja ya kuirudisha. La gitaa lenye betri lina tatu, na ya tatu imefungwa kwenye upande hasi wa betri. Kichwa cha kebo kiingiapo, shina lake refu la chuma hugusa ncha mbili kwa pamoja, njia ya umeme hukamilika, na kikuza sauti huamka. Hakiulizi kama amplifaya imewashwa. Hakiulizi kama yuko mtu anayepiga. Maadam chuma kimo tunduni, betri hulipa.

Fundi alipiga hesabu kwa penseli juu ya kipande cha boksi. Betri njema ya alkalini ya volti 9 ina akiba ya kutoa miliampea 1 kwa muda wa saa 500 hivi. Kwa miliampea 2 hizo ni saa 250. Bendi ilipiga usiku mara tatu kwa juma, saa nne kila mara, yaani saa 12. Kwa kazi hiyo betri moja ingefika majuma 20, karibu miezi mitano. Lakini kwa mchana na usiku bila ya kupumzika, saa 250 huisha katika siku 10 na nusu. Muuzaji alisema kweli, na kijana alisema kweli. Sehemu kubwa ya betri ile ililiwa ndani ya sanduku lililofungwa, gizani, na gitaa likiwa limelala.

Mzee aliuliza juu ya swichi ndogo iliyokuwa kando ya vitufe, ambayo huondoa kikuza sauti katika njia na kulifanya gitaa liimbe kama la zamani. Alikuwa amezoea kuizima baada ya kazi akidhani kuwa anaiokoa betri. Fundi alimwonyesha kwa mita kuwa haiokoi kitu: sauti hupitishwa njia nyingine, na kikuza sauti huendelea kula. Wapigaji wengi hudanganyika na swichi hiyo. Hali kadhalika wako wapimao betri kwa kuigusa kwa ulimi. Kipimo hicho si cha kutegemewa, kwa kuwa hata betri iliyo karibu kufa huchoma ulimi. Mita nayo hudanganya ikiwa betri imepimwa bila ya mzigo. Na iwapo gitaa hula betri hali kebo imetolewa, yapasa tundu litazamwe, huenda ncha zake zimepinda zikagusana. La mzee halikuwa na kasoro yoyote.

Neno lililosemwa mbele ya bendi nzima haliwezi kufutwa uchochoroni, na mzee alilijua hilo. Alimtafuta kijana, akamkuta Mbagala katika kibanda cha kutengeneza simu, akamwomba aje siku ya mazoezi. Kijana alikataa mara ya kwanza. Mara ya pili alikuja, akasimama mlangoni.

Mzee akaeleza yote, tangu mita hata kipande cha boksi, wala hakumtupia lawama muuzaji wala fundi wala bahati. Akasema, "Nilikuita mwizi kwa kosa la mkono wangu. Niwie radhi, mwanangu." Akatoa bahasha yenye posho iliyokatwa. Safari hii hakuna aliyecheka.

Kijana aliipokea bahasha kwa mikono miwili, wala hakuifungua. Macho yake yalikuwa yamekwenda kwenye gitaa, lililosimama kwenye kigango chake kando ya ngoma. Akaliendea, akainama, akachomoa kebo kutoka tunduni, akaizungusha kiwikoni kama alivyokuwa akifanya zamani, akaitundika kwenye msumari.

"Mzee," akasema, "hii imo tangu saa ngapi?"

Mzee akatazama chini.

"Tangu jana."